MUGEN 1.1 inakuwa nzito kwenye Intel HD 4000: nianzie wapi kurekebisha?

kombo10

Wakuu, habari za majukumu. Naomba msaada kuhusu MUGEN (injini ya gemu za mapigano ambayo mashabiki huongeza wapiganaji na viwanja wao wenyewe) kwenye mashine isiyo na kadi ya grafiki ya peke yake.

Mashine ni laptop yenye Core i5-3320M, grafiki ya ndani Intel HD 4000, RAM GB 4 (kipande kimoja cha DDR3-1600, nafasi ya pili iko wazi), diski ngumu ya kawaida, Windows 10 ya 64-biti, skrini ya 1366x768. Gemu ni MUGEN 1.1 beta yenye skrinipaki (muonekano wa menyu na pambano) ya 1280x720, wapiganaji 180 hivi kwenye select.def (faili la orodha ya wapiganaji), na viwanja mchanganyiko: vya zamani vilivyotengenezwa enzi za WinMUGEN (toleo la kale la Windows) na vipya vya HD.

Dalili ni hizi. Laptop ikiwa kwenye betri, pambano zima linakwenda polepole hata kwenye viwanja vyepesi. Chaja ikichomekwa viwanja vyepesi vinakuwa sawa, lakini vya HD bado vizito, hasa mtu akiachia pigo kubwa lenye moshi na mianga. Halafu kuna uwanja mmoja wa HD wenye mvua na taa za mjini: ukichaguliwa, gemu inajifunga yenyewe wakati wa kupakia.

Kuna wanaoshauri kuwasha VRetrace, wengine kuizima, wengine kubadili RenderMode iwe System, wengine kupunguza HelperMax. Ushauri unapingana. Nataka kuelewa kila kimoja kinafanya nini.

---

fundi_fremu

Mkuu, kabla hujagusa mstari wowote kwenye mugen.cfg (faili la mipangilio ya gemu), pima kwanza. Uzito wa MUGEN una vyanzo vingi, na dawa ya kimoja huharibu kingine. Ndiyo maana ushauri unapingana.

Jambo la msingi: MUGEN haihesabu sekunde, inahesabu tiki. Kwa kawaida ni tiki 60 kwa sekunde (GameSpeed = 60), na kila tiki ni fremu moja ya picha. Ngumi, kuruka, kujikinga, mwendo wa mianga, vyote vimeandikwa kwa tiki. Mashine ikishindwa kumaliza tiki 60 ndani ya sekunde moja, pambano lote linapunguza mwendo, pamoja na saa ya raundi. Hapo ndipo pa kupimia. Fungua fight.def ya skrinipaki yako, tafuta sehemu ya [Time], hakikisha imeandikwa framespercount = 60. Maana yake saa ya raundi hupungua namba moja kila tiki 60, yaani kila sekunde moja kama mambo ni mazuri.

Ingia Vs Mode, wachezaji wawili wa binadamu, muda wa raundi 99, usiguse kitufe chochote. Tumia simu kupima saa itokapo 99 hadi 69. Hizo ni tiki 1800. Gawanya 1800 kwa sekunde ulizopata, utapata kasi halisi. Sekunde 30 ni fremu 60 kwa sekunde. Sekunde 40 ni fremu 45. Usipime huku mnapigana, kwa sababu pigo kubwa lenye kusimamisha mchezo husimamisha na saa pia.

Ikiwa saa iko sahihi lakini picha inarukaruka, injini haina tatizo; tatizo liko kwenye kuonyesha picha: kiwango cha skrini kujichora upya (Hz), programu inayorekodi nyuma, au diski. Saa ikichelewa, ndipo unatafuta nani amezidiwa, prosesa au grafiki.

Kwa prosesa: MUGEN hufanya karibu kazi yake yote kwenye uzi (thread) mmoja. i5-3320M ina viini 2 na nyuzi 4, kwa hiyo ukiona mugen.exe imesimama kwenye asilimia 25 hivi ndani ya Task Manager, usidhani prosesa imepumzika. Uzi wake mmoja umejaa. Angalia pia "Speed" kwenye ukurasa wa CPU. Ikibaki karibu GHz 1.2 wakati pambano linaendelea, prosesa imebanwa. Sababu za kawaida ni tatu: mpango wa umeme wa "Power saver", joto (feni imejaa vumbi au pasta imekauka), au chaja ambayo laptop haiitambui. Hii ya chaja inawasumbua wengi wenye laptop za mtumba za ofisini: baadhi ya modeli zikikosa kuitambua chaja hushusha prosesa hadi kasi ya chini kabisa, betri haichaji, na hakuna mpangilio wa gemu utakaosaidia.

Kwa grafiki, Task Manager haitakuonyesha chochote cha GPU, maana draiva ya HD 4000 haifiki WDDM 2.0 (kiwango cha draiva za grafiki za Windows). Tumia GPU-Z, ukurasa wa "Sensors", mstari wa "GPU Load".

Mwisho angalia draiva. Device Manager ikiandika "Microsoft Basic Display Adapter", huna draiva. Fungua OpenGL Extensions Viewer (OpenGL ni njia ambayo gemu hutumia kuiagiza grafiki ichore), tazama jina la renderer, yaani kinachochora. Likiwa "GDI Generic", OpenGL yako ni toleo 1.1 linalochorwa na prosesa peke yake, na MUGEN ya RenderMode = OpenGL haitakwenda hapo hata ufanye nini. HD 4000 yenye draiva ya Intel (mfululizo wa 15.33 kwa Windows 10) inatoa OpenGL 4.0, ambayo inatosha na kubaki.

Leta namba hizo, tutaendelea.

---

kombo10

Shukrani mkuu. Namba ndizo hizi, framespercount ni 60:

Chaja imechomekwa, uwanja wa zamani: sekunde 30.
Chaja imechomekwa, uwanja wa HD: sekunde 52. mugen.exe asilimia 14, GPU Load 97.
Kwenye betri, uwanja wa zamani: sekunde 36, na haibadiliki. Nikibadilisha uwanja mwepesi mwingine bado ni 36.

Kasi ya prosesa iko GHz 3 na zaidi hata kwenye betri. Renderer ni Intel HD Graphics 4000. VRetrace imewekwa 1.

---

dada_kodi

Hiyo 36 imejieleza yenyewe. 1800 gawanya kwa 36 ni 50 kamili. Mashine iliyochoka haitoi namba nzuri hivyo kwenye kila uwanja. Skrini yako inashuka hadi Hz 50 ukichomoa chaja. Ni mpango wa Intel wa kuokoa betri, na VRetrace = 1 inailazimisha MUGEN isubiri skrini kabla ya kila fremu. Skrini ikijichora upya mara 50 kwa sekunde, pambano nalo linakwenda tiki 50. Kuna paneli zinazoshuka hadi 40, na hapo ungeona sekunde 45.

Fungua paneli ya Intel (bofya kulia kwenye desktop, "Graphics Properties"), ingia "Power", chagua "On Battery", zima "Display Refresh Rate Switching". Ukiwa hapohapo zima "Display Power Saving Technology", ingawa hiyo inahusu mwanga tu. Kisha hakikisha kwenye mipangilio ya skrini ya Windows kwamba ni Hz 60 chaja ikiwa imechomolewa.

Sasa kuhusu VRetrace yenyewe. Ikiwa 1, picha haikatiki katikati, lakini mashine ikikosa fremu moja kwa kuchelewa kidogo tu inasubiri mzunguko mzima unaofuata, na mikono inahisi uzito kwenye vitufe. Ikiwa 0, fremu inatoka ikiwa tayari, vitufe vinaitika haraka, lakini kwenye viwanja vinavyokimbia pembeni utaona mstari wa kukatika. Kwenye grafiki ya ndani mimi naipendelea 0. Gemu ya mapigano inahitaji vitufe vinavyoitika kuliko picha iliyonyooka. Wakati wa kupima lazima iwe 0, la sivyo unapima skrini badala ya mashine.

Kwenye HD, GPU 97 na prosesa 14 maana yake grafiki ndiyo imezidiwa. Hesabu inaeleza kwa nini. Uwanja wa zamani wa 320x240 una pikseli 76,800. Wa 1280x720 una 921,600, mara 12. Halafu uwanja wa HD hauchorwi mara moja: kuna anga, majengo, ukungu, watu, sakafu, mwanga wa mbele, kila tabaka juu ya jingine. Tabaka lenye trans = add au addalpha ni ghali zaidi, maana grafiki lazima isome pikseli iliyopo, ichanganye, irudishe. Kwenye HD 4000 kusoma na kurudisha huko kote kunapitia RAM ileile inayotumiwa na Windows.

Kwa hiyo mpangilio wa kuanzia uwe huu, ndani ya data/mugen.cfg (weka nakala ya akiba kwanza):

[Config]
GameSpeed = 60
GameWidth = 960
GameHeight = 540
DrawShadows = 1
AfterImageMax = 8

[Video]
Width = 960
Height = 540
Depth = 32
VRetrace = 0
RenderMode = OpenGL

Kutoka 1280x720 hadi 960x540 pikseli zinashuka hadi 518,400, punguzo la asilimia 44, na umbo la 16:9 linabaki. Usiende 640x480 na skrinipaki ya 16:9, umbo la picha litaharibika. AfterImageMax ni idadi ya nakala za kivuli cha mwendo nyuma ya mpiganaji. Kawaida ni 16, na kila nakala ni mchoro mzima wa mpiganaji. Nusu yake inatosha na hakuna kinachovunjika.

HelperMax usiiguse. Wapiganaji wengi hutumia helper (kitu cha msaada kinachozaliwa na mpiganaji) kwa silaha, moshi, hata akili ya kompyuta. Ukiishusha, helper inayokosa nafasi haizaliwi, na mpiganaji anaweza kuganda katikati ya pigo akisubiri kitu ambacho hakipo. ExplodMax (kikomo cha mianga na moshi) ina madhara madogo zaidi, mianga tu hupotea, lakini iguse baada ya hizo nyingine kushindwa.

RenderMode = System ni kuchora kwa prosesa. Inafaa mashine yenye "GDI Generic" ikiwa na gemu ya 320x240 au 640x480. Wewe una OpenGL nzima, kwa hiyo ungehamisha mzigo kutoka grafiki iliyojaa kwenda kwenye uzi mmoja wa prosesa, na viwanja vyenye zoom ya 1.1 vinahitaji OpenGL.

---

fundi_fremu

Nakubaliana na dada_kodi kote. Naongeza RAM, kwa sababu hapo ndipo pesa kidogo inaleta tofauti kubwa kwenye grafiki ya ndani.

Kipande kimoja cha DDR3-1600 kina njia moja yenye GB 12.8 kwa sekunde. Prosesa, grafiki na skrini vyote vinagawana hiyo. Vipande viwili vinavyolingana vinafungua njia mbili, GB 25.6. Kwa uwanja wenye matabaka mengi ya uwazi hiyo ndiyo tiba halisi, kuliko kuongeza ukubwa wa kumbukumbu ya grafiki kwenye BIOS. Namba ile ya BIOS ni kiasi kinachotengwa mwanzoni tu. Draiva huchukua zaidi yenyewe ikihitaji.

Tafuta SO-DIMM ya pini 204, GB 4, 1600. Prosesa yako ya kizazi cha 3 inakubali volti 1.5 na 1.35. Kwa wasomaji wenye laptop za kizazi cha 4, chukueni DDR3L ya volti 1.35 pekee. Baada ya kuweka, fungua CPU-Z, ukurasa wa "Memory": "Channel #" isome "Dual". Ikiendelea kusoma "Single", kipande hakijakaa vizuri.

Sasa uwanja unaofunga gemu. MUGEN ni programu ya 32-biti, kawaida ina GB 2 tu za kutumia hata kama mashine ina GB 16. Picha zilizobanwa ndani ya SFF (faili la picha za uwanja au mpiganaji) zinafunguliwa zikipakiwa. Picha moja ya 1280x720 yenye rangi za 32-biti ni baiti 3,686,400. Mvua iliyochorwa kwa picha 60 za skrini nzima ni MB 221 peke yake, na faili lenyewe kwenye diski linaweza kuonekana dogo kwa sababu PNG imebanwa sana. Ongeza taa, skrinipaki, wapiganaji wawili wa HD, GB 2 zinaisha na mugen.exe inaanguka.

Fungua mugen.log iliyo kwenye folda ya gemu, soma mistari ya mwisho. Inaonyesha ilikuwa inapakia nini. Ikiwa inaishia kwenye SFF ya uwanja huo, una njia mbili. Ya kwanza ni 4GB Patch ya NTCore: unaichagulia mugen.exe, inabadilisha alama moja ndani ya faili ili Windows ya 64-biti iipe hadi GB 4. Kwenye Windows ya 32-biti haitakusaidia. Lakini kwa RAM ya GB 4 jumla, Windows yenyewe imeshakula sehemu kubwa; gemu haitaanguka, itaanza kusoma diski, nayo itaganda kila sekunde chache. Ndiyo maana nasema RAM kwanza.

Ya pili ni kuupunguza uwanja wenyewe kwa Fighter Factory (programu ya kuhariri faili za MUGEN). Fungua SFF, geuza picha za mvua kutoka 32-biti kuwa za paleti ya rangi 256: baiti 4 kwa pikseli zinakuwa 1. Kisha punguza picha 60 ziwe 20 na uongeze muda wa kila moja kwenye uhuishaji mara tatu. Mvua haina tofauti machoni. MB 221 zinakuwa 18 hivi.

---

kombo10

Nimezima ile ya kubadili Hz: betri sasa ni sekunde 30. Kwa 960x540 na VRetrace 0, uwanja wa HD umefika 33. Hizo sekunde 3 zilizozidi nazipunguzaje kabla ya kununua RAM? Na kwa nini gemu inachukua muda mrefu kufunguka?

---

dada_kodi

33 ni fremu 54 na kidogo. Fungua faili la .def la uwanja. Tafuta [Reflection], ikiwa intensity ni kubwa kuliko 0, iweke 0. Taswira ya sakafuni inachora wapiganaji mara ya pili. Kisha shuka kwenye orodha ya [BG ...]. Kila moja yenye trans = add au addalpha inayofunika skrini nzima, mara nyingi ukungu au "mwanga wa jua", weka ; mwanzoni mwa mistari yake yote, hifadhi, pima tena. Ondoa moja moja. Mara nyingi ni tabaka moja tu linalokula fremu hizo tano au sita, na uwanja ukibaki bila ukungu unapendeza vilevile.

Kufunguka polepole ni jambo jingine. Kwa kila mpiganaji kwenye select.def, MUGEN inafungua SFF yake kutafuta picha ndogo ya 9000,0 ya kuweka kwenye menyu. Wapiganaji 180 kwenye diski inayozunguka ni safari 180 za kichwa cha diski, na kizuia virusi kinakagua kila faili. Weka folda nje ya Program Files, kwa mfano C:\Mugen, na uiongeze kwenye orodha ya folda zisizokaguliwa na Defender, ila baada ya kukagua kila ulichopakua. Program Files ina tatizo jingine: Windows inaweza kuzuia gemu isihifadhi mugen.cfg, ukabaki unashangaa kwa nini mabadiliko yamerudi. Kwenye [Misc], Precache = 1 inaanza kupakia mpiganaji mapema; iache ilivyo. PlayerCache ukiipunguza unaokoa RAM, ila upakiaji kati ya mapambano unaongezeka.

Kwenye mipangilio ya "Gaming" ya Windows, zima kurekodi kwa nyuma. Intel hutumia kipande hichohicho cha silikoni kubana video.

---

mugen_wa_mwanza

Kwa wanaotumia Linux: Ikemen GO (injini nyingine ya mapigano) inafungua wapiganaji na viwanja vingi vya MUGEN bila Wine (programu ya kuendeshea programu za Windows), ni chanzo huria na bado inaendelezwa. Kwa HD 4000 tumia toleo la 0.98, linahitaji OpenGL 2.1 tu. Mipangilio iko save/config.json: GameWidth na GameHeight kama alivyosema dada_kodi, MSAA (kulainisha kingo za picha) iwe false, na PostProcessingShader iwe 0. Kichujio cha kuiga televisheni ya zamani kinapendeza, lakini kinapita kwenye kila pikseli ya skrini kila fremu.

Kabla ya yote, andika glxinfo | grep renderer. Ukiona llvmpipe, prosesa ndiyo inachora, rekebisha Mesa (kifurushi cha draiva za grafiki cha Linux) kwanza. Kwa prosesa za kizazi cha 3 draiva sahihi ya Mesa ni crocus. Kizazi cha 8 cha grafiki kwenda juu (Broadwell na baadaye) ni iris. Ukitaka kupima bila kusubiri skrini, anzisha gemu kwa vblank_mode=0 mbele ya amri.

Ikemen si MUGEN kila kitu. Mpiganaji anayetegemea hitilafu za WinMUGEN anaweza kufanya mambo tofauti, kwa hiyo jaribu wale unaowapenda mmoja mmoja kabla ya kuhama.

---

fundi_fremu

Na kwa gemu kamili za mashabiki zilizofungwa na WinMUGEN ya zamani: hizo hazina OpenGL, zinatumia DirectDraw (njia ya kale ya Windows ya kuchora picha), na Windows 8 na 10 zinaiigiza kwa njia nzito. Draiva mpya haitasaidia. Weka ddraw.dll na ddraw.ini za cnc-ddraw (mbadala wa DirectDraw) pembeni ya faili la .exe la gemu, kisha ndani ya ddraw.ini jaribu renderer=direct3d9 kwanza, halafu opengl. Kwenye Intel za zamani direct3d9 mara nyingi ndiyo inayotulia. Usichukue wapiganaji wa gemu hiyo na kuwahamishia 1.1 kabla hujajaribu hilo, maana utaanza kurekebisha mizani ya mtengenezaji bila sababu.

kombo10, ukiweka kipande cha pili cha RAM rudisha 1280x720, acha AfterImageMax kwenye 8, pima tena uwanja uleule.